Msiba Uliotoka Kwenye Sinema

Vigingi vya vitambaa vyekundu vilikatiza shamba la Nesta kutoka mpaka hadi mpaka, na katikati ya vigingi viwili ndipo alipolala mumewe, Yonathani. Reli ya kwenda Zambia ilikuwa imeshaipita Vwawa na sasa ilikuwa inakuja Chapwa, haikimbii wala haipumziki. Kila asubuhi Nesta akitoka nje alisikia matingatinga yakinguruma upande wa mashariki, na kila Jumapili akirudi kanisani aliona mngurumo umesogea tena.

Mwenyekiti wa kijiji alikuwa ameshapita kwake zaidi ya mara moja. Alisema kwa upole, maana naye ni mtu wa kanisani, kwamba wenye makaburi kwenye njia ya reli wawahamishe watu wao kabla mvua hazijafika. Kambi ya Wachina ingetoa mbao na vijana wa kuchimba, lakini wenye marehemu ndio waanze. Wasipoanza, alisema akitazama chini, tingatinga halina macho.

Nesta hakuwa na ugomvi na reli. Waliambiwa ni ya kuwasaidia ndugu wa Zambia waliofungiwa njia, naye hakuona ubaya wa kumfungulia njia jirani. Shida yake ilikuwa moja tu. Katika ukoo wa mumewe, mke hafungui kaburi la mume. Anayefungua ni ndugu wa kiume wa marehemu. Ndiye anayenyunyiza unga, akamwita marehemu kwa jina, akamweleza kinachotendeka asije akashtuka. Kaburi likiguswa pasipo hayo, hakuna kijana wa ukoo atakayeshika sepeto, na likitokea la kutokea, kidole cha kwanza kinamwendea mjane. Na ndugu wa kiume wa Yonathani alikuwa amebaki mmoja, Mbonile, mzee mwenye kichwa kigumu kama jiwe la kusagia ulezi.

Mbonile alikuwa amekataa. Alikataa mbele ya mwenyekiti, akakataa mbele ya mchungaji, na mbele ya Nesta alikataa hata kabla hajaulizwa. Alisema mdogo wake hatoki alipolazwa. Alisema hao Wachina wamekuja hawana mke wala mtoto wala mzee, wamevaa nguo za sare kama mbegu za boga moja. Mtu wa namna hiyo atajuaje kaburi ni kitu gani? Siku moja Nesta alimfuata na Biblia, akamsomea mahali Mose alipoichukua mifupa ya Yusufu akatoka nayo Misri, wala Mungu hakukasirika.

Mbonile alisikiliza mpaka mwisho, akavuta ugoro wake.

"Mose na Yusufu walikuwa watu wa ukoo mmoja, Mama Jonasi," alisema. "Hao wenye tingatinga ni wa ukoo gani?"

Nesta akafunga kitabu, akarudi nyumbani. Alikuwa mwanamke wa kutazama zaidi kuliko kusema, na tangu siku ile alianza kuwatazama Wachina kwa makini, kama mtu anavyomtazama ng'ombe wa mnadani kabla hajauliza bei. Aliona wanafua nguo zao wenyewe. Aliona wanakula pamoja, mhandisi na dereva sahani moja. Aliyemjua kwa karibu alikuwa mpishi wao, mtu wa makamo aliyeitwa Chan, na wenyeji wakamwita Ndugu Chani. Huyu alilima mboga nyuma ya kambi, akaja kwa Nesta kutafuta mbegu za maboga, naye akamletea miche ya kabichi. Kiswahili chake kilikuwa cha bustanini tu: maji, jua, nzuri, bado. Lakini alikuwa akiinama kupokea kitu kwa mikono miwili, na Nesta aliliweka hilo moyoni. Kama kaburi atalijua au hatalijua, miche ya kabichi haikumwambia.

Ndipo ikaja sinema.

Watu wa sinema walikuwa wakizunguka kambi hadi kambi na mashine yao. Wakifika Chapwa hufunga shuka kubwa jeupe kati ya nguzo mbili, jenereta inawashwa, na watu wanakuja hadi kutoka ng'ambo ya mpaka, Nakonde, wamejifunga mablanketi kwa baridi. Mbele ya shuka wanakaa waliowahi. Waliochelewa wanakaa nyuma yake na kuona yaleyale kwa upande wa pili, bila kinyongo. Nesta alikwenda na rafiki yake Mwanamvita, mama wa Kiislamu kutoka Tanga, mke wa mwenye lori, aliyekuwa akiuza karanga na vitumbua popote watu wanapokusanyika zaidi ya watatu. Mbonile naye alikuwepo, amekaa mbele kabisa juu ya kigoda alichokuja nacho mwenyewe.

Mkalimani wa kambi, Ndugu Su, alisimama na kipaza sauti kama kawaida yake. Watu kwenye shuka wakaanza kusema. Su akafungua mdomo, akaufunga. Akasikiliza tena, akakuna kichwa. Mwishowe akatangaza kwa Kiswahili chake safi kwamba anaomba radhi: hii ni sinema ya zamani kutoka kusini mwa nchi yao, na watu wa huko wanasema Kikantoni. Yeye ametoka kaskazini. Kwake Kikantoni ni kama wewe Mnyamwanga uambiwe utafsiri Kimasai.

Watu walicheka sana. Mwanamvita alisema kumbe hata Wachina hawasikilizani, sasa wanagombana kwa lugha gani? Lakini mtu mmoja kambini alikuwa mzaliwa wa huko kusini, naye ni mpishi. Wakamwita Chani kutoka jikoni, akaja anajifuta mikono kwenye aproni. Basi ikawa hivi: watu wa sinema wanasema Kikantoni, Chani anamwambia Su kwa lugha yao ya shule, Su anasema Kiswahili, na Watson, msimamizi wa vibarua, anawageuzia wazee Kinyamwanga. Kichekesho kimoja kilichekwa mara tatu. Walianza kucheka Wachina, wakafuata wa Kiswahili, na wazee walipofikiwa, kwenye shuka watu walikuwa wameshaanza kulia.

Haikuwa sinema ya mizinga. Ilikuwa habari ya nyumba moja ya kupanga mjini, vyumba vimezunguka ua, kisima kimoja. Alikuwemo mshona viatu, mwalimu aliyefungiwa shule, mama mjane muuza uji, na bibi kizee mmoja asiyekuwa na ndugu hata mmoja pale ndani. Mji ulikuwa umetekwa na askari wa kigeni. Askari wenyewe walionekana kidogo tu: mmoja wa zamu kwenye kona, na kila anayepita lazima ainame. Mwalimu alisahau kuinama akapigwa kofi, miwani ikaanguka. Yaliyobaki yalikuwa maisha tu. Foleni ya mchele. Muuza uji akiongeza maji kwenye chungu kila asubuhi.

"Huo sasa si uji," Mwanamvita alinong'ona, "hayo ni maji ya kunawa."

"Nyamaza, Mama Ishaka," Nesta alisema. Alikuwa anatazama mikono ya yule mjane, jinsi alivyompimia bibi kizee kutoka chini ya chungu, kwenye uzito, na yeye mwenyewe akala cha juu.

Wazee hawakucheka tena. Mmoja wao alisema vita vya Mjerumani vilikuwa hivyohivyo, askari hao wa rangi hii wanapita leo wanachukua mahindi, hao wa rangi nyingine wanapita kesho wanachukua wabebaji, na wewe hujui hata wanagombea nini. Kigoda cha Mbonile kilikuwa kimetulia kama kimeota mizizi.

Kisha yule bibi kizee akafa. Hakufa kwa risasi. Alilala tu, asubuhi hakuamka. Wapangaji walizunguka mji kutafuta mbao za jeneza wakakosa, maana mbao zote zimechukuliwa na askari. Mshona viatu alisimama akatazama mlango mkubwa wa nyumba yao. Akachukua nyundo, akaung'oa.

Hapo Chani alinyamaza. Su alimsubiri na kipaza sauti mkononi, na watu wote wakasubiri. Chani alikuwa ameuelekeza uso kwenye shuka na mashavu yake yanang'aa kwa mwanga wa mashine. Alipofungua mdomo hakusema na Su. Alisema Kiswahili, na si cha bustanini.

"Mama," alisema. "Mama amekufa."

Akageuka, akaenda zake jikoni. Sinema ikaendelea bila maneno. Waliona wenyewe wapangaji wakimbeba bibi juu ya mlango wao, wakapita mbele ya askari na kuinama, wakapita. Waliona nyumba ikibaki wazi, upepo na vumbi vinaingia, na wale watu wanaendelea kuishi humo. Hakuna aliyehitaji kugeuziwa.

Asubuhi yake Chapwa nzima iliamka na habari moja: mpishi wa kambi kafiwa na mama yake.

Msomaji asiwacheke haraka. Sinema walizozizoea watu wale zililetwa na gari la serikali, na zilikuwa za kweli tupu: bwana shamba halisi akionyesha mbolea halisi, sherehe za Saba Saba zilizofanyika kweli, watu waliohudhuria wakijiona wenyewe. Nani aliwaambia kwamba kuna sinema ambamo mtu hufa na hajafa? Na mwanamume mzima alisimama mbele ya umati akalia, akasema mama amekufa. Ungebaki nyumbani kwako ungeonekana mchawi.

Nesta alipima unga kwenye ungo, akafunga mzigo mdogo wa kuni, akaoga, akavaa nguo ya msibani. Njiani alimkuta Mwanamvita amejitanda kanga mbili, ana kapu la mchele kichwani. Alisema dini ya Chani haijui, lakini machozi anayajua, na mchele hauna dini. Wakaongozana na wanawake wengine hadi kambini, wakaingia jikoni bila kupiga hodi ya pili, maana mfiwa hapiki. Wengine walikaa chini ukutani na miguu wameinyoosha. Wengine wakashika sufuria. Chani alipotoka stoo na debe la mafuta alikuta jiko si lake tena.

Huko nje mambo yalikuwa makubwa zaidi. Vibarua walikuja kazini kama siku zote, ila wakapita penye masururu na masepeto bila kuyagusa, wakakaa kwenye nyasi. Kwa desturi ya sehemu zile jembe halilimi siku ya msiba. Kama kuna marehemu hajafunikwa, hakuna mwingine wa kuikata ardhi kabla yake. Mhandisi mkuu wa kambi, mtu mwembamba asiyependa maneno, alitoka akakuta mashine zake zinanguruma peke yake. Akajua ni mgomo. Akamwita Su, akamwita Watson, akauliza kwa utaratibu: ni chakula? Ni viatu? Ni saa za kazi?

Watson alivua kofia. "Hapana, Mhandisi. Tuna msiba."

Mhandisi akauliza aliyekufa ni nani.

"Mama yake Ndugu Chani."

Mhandisi akamtazama Chani, aliyekuwa amesimama mlangoni mwa jikoni na debe lake. Chani akamtazama Su. Su naye akawatazama wanawake waliokaa ukutani, akayaona machozi ya kweli kabisa, na uso wake ukabadilika kama mtu aliyekanyaga kifaranga cha jirani. Akaanza kueleza, pole pole, kwa adabu. Kwamba ile ilikuwa hadithi tu. Kwamba wale ni watu wa kuigiza, wanapewa maneno wayaseme. Kwamba yule bibi kizee hakufa. Pengine hivi sasa yuko kwake anakula.

Nesta aliutazama unga wake, akaona aibu inampanda shingoni.

"Yaani," Mwanamvita alisema, "nimelia mpaka macho yamevimba kwa ajili ya mtu anayekula wali?"

Hapo hapakuwa na wa kujizuia. Wanawake walishika mbavu. Vibarua walipigana mabega wakiulizana nani aliyelia zaidi. Hata Mhandisi, alipogeuziwa, alitazama pembeni na mabega yake yakatikisika. Nesta alicheka nao kidogo, kisha akaanza kukusanya kuni zake, akiwaza njia ya kurudi nyumbani ambayo haipiti kwa watu.

Ndipo Mbonile alipoingia.

Alikuwa ametoka mbali, ng'ambo ya mto, na habari ya kwamba msiba haupo haikuwa imemfikia. Amevaa koti lake la ibada, na begani ana jembe. Nesta aliliona lile jembe, akatulia. Mwanamume wa Kinyamwanga anapokwenda msibani kwa mtu anayemheshimu huenda na jembe lake mwenyewe, ili mfiwa asihangaike kuazima. Mbonile hakuangalia wanaocheka. Alikwenda moja kwa moja hadi kwa Chani, akasimama mbele yake.

"Pole, ndugu yangu," alisema. "Kaburi tunachimba wapi?"

Kicheko kiliripuka upya, mtu mmoja akamwambia mzee amechelewa, marehemu amefufuka. Lakini Chani hakucheka. Alimuuliza Su yule mzee amesema nini. Su akamwambia. Chani aliliweka debe chini, akakaa juu yake, na akaanza kusema. Alisema muda mrefu, mikono kati ya magoti. Vicheko vilikatika kimoja kimoja.

Su alipoanza kugeuza, sauti yake haikuwa ile ya kipaza sauti.

"Anasema: yule bibi wa sinema hajafa, ni kweli. Lakini mama yangu alikufa. Ilikuwa vita ileile, mji uleule. Nilikuwa mtoto, nimetumwa foleni ya mchele. Asubuhi mkokoteni ulipita kuchukua waliokufa, wakampakia pamoja na wengine. Niliporudi hayupo. Nimeuliza mpaka nimekuwa mtu mzima, hakuna anayejua waliwapeleka wapi. Anasema, huyu mzee ndiye mtu wa kwanza kuniuliza kaburi liko wapi."

Watson aliwageuzia wazee. Mbonile alisikia mara mbili basi, kwa lugha mbili. Akaliteremsha jembe begani. Alitafuta mahali pa kukaa, akakaa chini, karibu na debe la Chani, na koti lake la ibada likaingia vumbi.

Aliposema alisema Kinyamwanga, na hakumtazama mtu. Alisema baba yake alichukuliwa kubeba mizigo wakati wa vita vya Mjerumani. Walimkuta shambani, wakamfunga kamba pamoja na wengine, wakaelekea upande wa kusini. Mbonile alikuwa mdogo, na Yonathani alikuwa bado tumboni. Hakurudi. Hakuna aliyerudi wa kusema alilala wapi. Mama yao alizeeka akiitazama njia.

Nesta alikuwa ameolewa kwenye ukoo ule na kuzaa na kufiwa, na habari ya mkwe aliyepotea vitani aliijua kama watu wanavyojua jina la mlima. Lakini hakuwahi kuiweka karibu na kaburi lile la shambani. Sasa aliona. Kaburi la Yonathani lilikuwa ndilo kaburi pekee ambalo Mbonile angeweza kusimama kando yake na kusema, mtu wangu yuko hapa. Ndiyo maana hakutaka liguswe. Haukuwa ukaidi, au haukuwa ukaidi mtupu.

Aliacha kuni zake. Mwanamke hasemi penye msiba wa wanaume mpaka aulizwe, naye aliijua desturi hiyo. Lakini alipiga goti, kama inavyopasa mbele ya shemeji, akasema kwa sauti ya kawaida.

"Shemeji. Wewe hujui baba alipolala. Huyu hajui mama alipolala. Yonathani tunajua alipo. Usikubali na yeye akawe wa kutafutwa."

Mbonile alichora mstari kwenye vumbi kwa kidole, akaufuta. Mwanamvita, ambaye Mungu alimnyima vingi lakini si ulimi, safari hii alikaa kimya.

Baada ya muda mzee alimwambia Watson amuulize Mhandisi kama reli haiwezi kupinda. Mhandisi hakumcheka. Alichuchumaa, akachora na yeye kwenye vumbi lilelile: huku mlima, huku bonde lenye maji, na gari moshi halipindi kama baiskeli. Reli haiwezi, alisema, nasikitika. Lakini mashine zinaweza kusubiri. Mzee ataje siku.

"Alhamisi," Mbonile alisema. Kisha akamnyooshea Chani kidole. "Na huyu awepo."

Nesta akainuka kwenda kuosha sufuria, maana hakutaka watu waone uso wake. Lakini Mbonile alikuwa hajamaliza. Alisimama, akakung'uta koti, akatangaza kwamba mama wa Ndugu Chani hajapata kuliliwa hata siku moja, kwa hiyo msiba upo, na jembe halilimi leo. Mhandisi alipogeuziwa alitazama saa. Alisema hadi saa sita mchana. Mbonile alisema kifo hakina saa. Su alihangaika katikati yao kama mtu anayeshika kamba ya mbuzi wawili, na mwishowe ugali ukaiva, Mhandisi akawekewa, akala, na habari ya saa ikasahauliwa na pande zote mbili.

Alhamisi ilikuwa na mawingu mepesi. Mchungaji alifika mapema akasoma mahali palepale pa mifupa ya Yusufu. Mbonile alimsubiri amalize, akavua viatu, akashika unga kiganjani. Nesta aliinamisha kichwa. Kuhusu unga huo alikuwa ameshaongea na Mungu wake usiku, akamwambia kwamba Yeye anaijua mioyo ya watu, na atenganishe mwenyewe kilicho chake na kisicho chake. Mbonile alimwita mdogo wake kwa jina la utotoni, jina ambalo Nesta alilisikia mara chache sana. Akamweleza kwamba ni yeye, kaka yake. Kwamba njia kubwa inapita hapa. Kwamba anasogezwa mwinukoni, nyuma ya nyumba ya mkewe, asishtuke. Alisema kama mtu anavyomwamsha mgonjwa.

Vijana wakachimba. Chani alichimba nao. Walipofika chini waliacha masepeto wakatumia mikono, na kila kilichotoka Mbonile alikipokea kwenye shuka jipya. Nesta alitazama mpaka mwisho. Alidhani ataogopa, lakini alichoona ni jinsi Chani alivyopokea na kupitisha, akiinama, kwa mikono miwili, bila haraka, kama mtu anayemhamisha mtoto aliyelala. Sanduku la mbao nyeupe lilitoka karakana ya kambi, limepigwa randa vizuri. Wakapanda nalo mwinukoni wakiimba, Wamoraviani wa kanisa la Nesta kwa sauti zao nne, na Mwanamvita akifuata nyuma na dua zake za chini chini.

Kaburi lilipofunikwa na watu kuanza kushuka, Mbonile alimshika Chani mkono akambakiza. Akamwita na Su, akasema ujumbe wake.

"Mwambie aseme na mama yake. Najua hapa si kwake. Lakini mdogo wangu amefika leo, bado ana nguvu za njiani. Atampelekea maneno hayo. Na kwa baba yangu pia, akimkuta."

Su alimgeuzia. Chani alisimama kidogo, akavua kofia, akainama, akainama tena. Kisha akaanza kusema. Hakusema kwa lugha ya shule. Ilikuwa ile ya kwenye shuka, yenye kupanda na kushuka kama mtu anayetembea kwenye matuta. Alianza kwa shida, halafu maneno yakaja mengi, yakamtoka haraka, na mahali fulani katikati akacheka kidogo, kama mtoto anayeeleza kosa alilokwisha samehewa.

Watson alimsogelea Su, akamuuliza anasema nini.

"Sijui," Su alisema. "Ni lugha ya kwao."

Basi wakasubiri. Nesta alikuwa amesimama hatua chache nyuma na birika la maji ya kunawa. Chini kule tingatinga lilikuwa limezimwa tangu asubuhi, na watu walisikika wakiitana chakula. Alingoja mpaka Chani aliponyamaza mwenyewe na kuvaa kofia yake. Ndipo aliposogea, akapiga goti, akawamiminia maji Chani na Mbonile, mikono yao minne chini ya birika moja, udongo ukitiririka kwenye nyasi.

"Twendeni mkale," aliwaambia. "Mama Ishaka amepika wali, na yeye hapendi kusubirishwa."